Masoko ya Nyanza ya Kusini Kabla ya Meli na Baada Yake



Husemwa mara nyingi katika baraza zetu, na vijana waliosoma huyarudia maneno hayo kana kwamba yamethibitishwa, ya kwamba watu wa Nyanza ya Kusini hawakujua biashara mpaka reli ilipofika Kisumu, meli zikaanza kuvuka ghuba, na Wahindi wakafungua maduka. Neno hili si dogo. Mtu akiambiwa tangu utotoni kwamba biashara ni jambo la kuazima kwa wageni, hataona vibaya kuwaachia wageni, wala hatashangaa akikuta kiwanja katika soko la babu zake kimeandikwa jina la mtu mwingine. Kwa hiyo halmashauri imeona vema kwamba taarifa ya mwaka huu, pamoja na hesabu za fedha na habari za misiba na karo, iwe na kurasa chache za kueleza jinsi masoko ya nchi yetu, ambayo leo ni kaunti za Homa Bay na Migori, yalivyoanza, na mambo yaliyoyapata.

Hapana budi tuanze na misafara ya pwani, kwa kuwa ndiyo inayosimuliwa zaidi vitabuni. Katika karne ya 19 pembe za ndovu zilipanda bei sana katika soko la Unguja, maana Wahindi walizitaka kwa bangili, na watu wa Ulaya na Marekani kwa vinanda na mipini ya visu. Ndovu wa karibu na bahari walipokwisha, matajiri wa Bagamoyo, Pangani, Tanga na Mombasa walituma misafara yao bara, mwaka hadi mwaka mbali zaidi. Kila mpagazi alichukua mzigo wa frasila 2 hivi, yaani karibu ratili 70, na ndani ya mizigo hiyo mlikuwa merikani, kaniki, ushanga wa rangi nyingi na nyaya za shaba. Kiongozi alitangulia na bendera, na kila nchi waliyopita walilipa hongo kwa mwenyewe.

Je, misafara hiyo ilijua habari za nchi yetu? Ilijua. Mwaka 1870 yalichapishwa London maelezo ya njia za misafara yaliyokusanywa na Thomas Wakefield, mmisionari wa Ribe karibu na Mombasa. Lakini Wakefield mwenyewe hakuzipita njia hizo. Alizipata kwa Sadi bin Ahedi, mtu wa misafara, aliyemtajia kituo baada ya kituo, maji yalipo na yasipokuwapo, tangu Tanga, kupitia nchi ya Wamasai, hata ukingo wa mashariki wa ziwa ambalo yeye aliliita Ukara. Jina la Kavirondo limo katika habari hizo. Mwaka 1882 Farler, mmisionari wa Magila katika Usambara, alichapisha orodha nyingine ya njia za kutoka Pangani kuelekea Umasai na ziwani, naye pia alizipata kwa watu wa misafara. Wakati mabwana wa jiografia huko Ulaya walipokuwa wakibishana kama ziwa hili ni moja au ni maziwa mengi, ubishi ambao Stanley aliukata mwaka 1875 alipolizunguka kwa mashua yake, wapagazi wa Pangani walikuwa wamekwisha kunywa maji yake na kuyasahau. Basi tusidhani kwamba nchi isiyoandikwa na Mzungu ilikuwa haijulikani.

Hata hivyo, ni kweli kwamba njia kuu haikupita kwetu. Msafara uliotoka Mombasa kwenda Buganda ulipita kaskazini ya ghuba, ukapumzika kwa Mumia katika nchi ya Wawanga. Joseph Thomson alifika huko mwaka 1883, askofu Hannington akapita mwaka 1885, na serikali ya Kiingereza ikaweka kituo hapo mwaka 1894. Upande wa kusini wa ziwa, misafara ya Tabora ilifika kwa Wasukuma na Ukerewe. Huko ndiko alikokaa Songoro, mfanyabiashara wa pwani aliyeuawa Ukerewe mwaka 1877 pamoja na wamisionari wawili wa Kiingereza. Nchi yetu ikabaki katikati, kama kijiji kilicho baina ya barabara mbili.

Sababu ziko wazi mtu akizitafakari. Msafara wa watu mia tatu au mia nne hutaka mambo matatu: chakula kingi mahali pamoja, mkuu mmoja wa kuzungumza naye habari ya hongo na usalama, na nchi ya mbele ya kuendea. Mumia alikuwa na yote. Kwetu kila ruoth alitawala piny yake. Aliyekwisha kupatana na watu wa Kanyamwa alikuwa bado hajapatana na watu wa Karachuonyo, na baada ya Wasuba wa Gwasi hapana nchi tena, kuna maji tu. Tena tusisikitike kupita kiasi. Misafara ilinunua pembe, lakini katika sehemu nyingi ilinunua na watu pia, na ilipopiga kambi ya kudumu bunduki zilifuata. Kuachwa kando na barabara hiyo haikuwa hasara tupu.

Lakini asiyepitiwa na msafara si kwamba hana soko. Hapa ndipo vijana wetu wanapokosea, kwa sababu wanalitafuta soko la zamani kwa macho ya leo: mabati, milango, mizani na kaunta. Soko la zamani halikuwa na nyumba. Hata kwa watu waliosifiwa sana kwa biashara ilikuwa vivyo hivyo. Berbera, katika pwani ya Wasomali, palikuwa na maonyesho makubwa ya biashara yaliyoelezwa na Burton baada ya safari yake ya 1854 na 1855: misafara ya ngamia ilishuka kutoka Ogaden na Harar, majahazi yakaja kutoka Arabuni na India, na maelfu ya watu wakakaa katika vibanda vya miti na mikeka tangu mwisho wa mwaka hata mwezi wa Aprili. Joto lilipoanza, kila mtu alikunja mkeka wake na ngamia wake, pakabaki mchanga. Hakuna aliyesema kwamba Berbera si soko. Nasi tulikuwa na masoko yasiyo na nyumba, ila yetu yalidumu kwa saa chache tu, chini ya mti mkubwa au kwenye kivuko cha mto, kisha kila mtu akarudi kwao kabla ya jua kutua.

Asili yake ilikuwa nini? Ilikuwa mvua. Kando ya ziwa mvua ni haba na haina ahadi. Mtama hukauka ukiwa na suke. Lakini tembea siku moja kuelekea mashariki, upande milima ya Gusii, nawe utakuta mvua ya kutosha, udongo mwekundu, na maghala ya wimbi. Juu huko kulikuwa na nafaka na mashoka na majembe ya wahunzi wa Kigusii. Chini kulikuwa na ng'ombe, mbuzi, samaki waliokaushwa, vyungu, vikapu na chumvi ya mifugo. Mungu aliwagawia majirani hawa wawili vitu mbalimbali, akaweka kati yao mwendo wa siku moja. Soko lilikuwa halina budi kuzaliwa.

Chumvi hiyo inastahili maneno mawili. Waluo huiita bala. Hupatikana mahali penye chemchemi za moto chini ya mlima Homa, ambao wenyewe ni volkano iliyozimika, na kwenye ziwa dogo la Simbi karibu na Kendu Bay, lile ambalo wazee husimulia kwamba lilizamisha kijiji kwa sababu ya kumnyima mwanamke mkongwe chakula. Ng'ombe wasiolamba bala hukonda na maziwa hupungua. Kwa hiyo hata mtu mwenye nafaka nyingi milimani, kama alikuwa na ng'ombe, alikuwa na haja na watu wa ziwani.

Wachukuzi wa biashara hii hawakuwa wapagazi wa kuajiriwa. Walikuwa mama zetu. Mwanamke alijitwika chungu juu ya chungu, au kikapu cha ngege na kamongo waliokaushwa kwa moshi, akaondoka alfajiri pamoja na wenzake, akafika mpakani jua likiwa kichwani. Kipimo kilikuwa chombo chenyewe: chungu kilijazwa wimbi, na wimbi ile ndiyo iliyokuwa bei yake. Aliyetaka chungu kikubwa alijua tangu mwanzo atatoa nafaka kiasi gani, na hakuna mizani iliyoweza kumpunja. Wazee husimulia kwamba hata siku ambazo vijana wa pande mbili walikuwa wakiviziana kwa sababu ya ng'ombe walioibwa, wanawake wenye vikapu waliachwa wapite. Si kwa sababu watu wa zamani walikuwa malaika, bali kila upande ulijua kwamba njaa ya mwaka kesho haijulikani itaanzia wapi.

Maana ilipokuja njaa, biashara hii ilibadilika sura. Haikuwa tena ya vyungu na samaki, bali ya mifugo. Mtu wa ziwani alipandisha mbuzi wake, kisha mitamba yake, akateremka na wimbi. Mvua ikirudi, alianza tena kukusanya. Yako pia mapatano ambayo Waluo huyaita singo, yaani kuweka rehani: mtu hupewa anachohitaji leo kwa ahadi ya kurudisha kitu kilichotajwa siku ya mbele, wakati mwingine baada ya miaka, na watoto hurithi deni pamoja na urafiki. Kwa njia hii ng'ombe alikuwa ghala la mtu wa ziwani, na wimbi ikawa njia ya mtu wa milimani kupata ng'ombe. Tauni ya ng'ombe ilipopita Afrika ya Mashariki katika miaka ya 1890 na 1891, hasara haikuwa ya maziwa na nyama tu. Ghala lenyewe liliteketea, na walioingia miaka ya njaa baada ya hapo waliingia mikono mitupu.

Upande wa ziwa pia kulikuwa na njia. Watu wa Rusinga na Mfangano, ambao wazee wao wengi walitoka upande wa Buganda na Busoga, walikuwa mabaharia tangu asili, na mitumbwi yao ya mbao zilizoshonwa iliwaunganisha na visiwa vingine na ng'ambo ya pili. Kutoka milima ya Samia yalikuja majembe ya chuma yaliyosifiwa nchi nzima, yaliyolimia na kulipia mahari pia. Mtu aliyekuwa na majembe ya Samia ukutani alikuwa na akiba. Tena katika Thimlich Ohinga, ile ngome ya mawe iliyo kilomita 46 kaskazini magharibi ya mji wa Migori, ambayo kuta zake husimama bila chokaa wala udongo na ambayo iliandikwa katika Urithi wa Dunia mwaka 2018, wachimbaji wa mambo ya kale wamekuta shanga za kioo. Kioo hakikutengenezwa Kadem wala Kanyamkago. Shanga hizo zilipita mikono mingi, soko hata soko, kutoka baharini, na pengine hakuna hata mmoja wa waliozipokea aliyepata kuiona bahari.

Basi reli ilipofika Kisumu mwishoni mwa 1901, haikukuta nchi iliyolala. Ilikuta nchi yenye masoko, ikayageuza. Meli ya kwanza, William Mackinnon, ilitiwa majini mwaka 1900, baada ya vipande vyake kuletwa kutoka pwani kwa taabu, sehemu ya safari vikiwa vichwani mwa wapagazi. Ndiyo kusema kwamba msafara ulijibebea kaburi lake. Zikafuata Winifred na Sybil, kisha Clement Hill, na nyingine kubwa zaidi. Kwa wakati huo huo ikaja kodi ya nyumba, iliyotakiwa kwa rupia. Chungu hakikulipa kodi. Samaki hakulipa kodi. Ilimpasa mtu apate kitu ambacho mwenye rupia alikitaka, nacho kilikuwa simsim, ngozi, samli, karanga, na baadaye pamba na mahindi. Au apeleke mikono yake mwenyewe kwenye mashamba ya walowezi. Rupia iliondolewa mwaka 1920, ikaja florini ya muda mfupi, na mwaka 1921 shilingi. Hata leo baadhi ya wazee huita senti kumi otonglo, na hilo ni jina lililotoka sokoni, si ofisini.

Hapo ndipo ilipozaliwa miji ya gati. Kendu Bay ilitangulia kwa umaarufu: palikuwa na gati, maduka, Waislamu waliojenga msikiti, na kinu cha kuchambulia pamba; na wamisionari Waadventista walioteremka ghubani mwaka 1906 walijenga Gendia, mwendo mfupi kutoka hapo. Homa Bay ikafuata, nayo ikapata kinu chake. Karungu, kwa watu wa Kadem na Nyatike, ilikuwa mlango wa upande wa ziwa kuu, na serikali ilikuwa na kituo hapo kabla ya kufungua Kisii mwaka 1907. Ukienda Karungu leo utaona vigumu kuamini kwamba mambo ya wilaya nzima yalipata kuamuliwa hapo.

Ugonjwa wa malale uliichoma pwani hii katika miaka ya mwanzo ya karne. Ulianza Busoga, ukaua watu zaidi ya laki mbili katika Uganda, ukazunguka ziwa hata visiwani kwetu na bonde la Lambwe, na vijiji vingi vya ukingoni vikabaki magugu. Felix Oswald, mtaalamu wa miamba aliyekuja Karungu mwaka 1911 kutafuta mifupa ya wanyama wa kale, aliiandika nchi hii kuwa nchi ya malale. Kisha ikaja vita. Mwezi wa Septemba 1914 askari wa Kidachi walivuka mpaka, wakaingia Karungu na Kisii, na wenyeji walipoona serikali imekimbia waliyavunja maduka ya Kisii na nyumba za misheni. Serikali iliporudi ilitoza faini ya ng'ombe na kuchukua vijana kuwa wapagazi wa vita. Wengi hawakurudi. Hii ilikuwa misafara ya mwisho ya nchi yetu, na ndiyo iliyoua wengi kuliko yote.

Sasa nataka tukae kidogo juu ya jambo la maduka, kwa kuwa ndilo lililowauma baba zetu. Mhindi wa duka hakuja na mali nyingi. Wengi walikuja na deni la tajiri wa Kisumu au Mombasa, wakalala juu ya magunia, wakajifunza Kiluo vizuri kuliko maofisa. Hilo tuliseme kwa haki. Lakini sheria haikuwa sawa. Mwafrika hakupewa mkopo na benki, kwa sababu ardhi yake haikuwa na hati. Sheria ya 1948 ilisema kwamba deni la Mwafrika linalozidi shilingi 200 haliwezi kudaiwa mahakamani ila limeandikwa na kuthibitishwa na ofisa. Ilisemwa ni kumlinda, lakini matokeo yake tajiri wa jumla hakumwamini mtu mweusi kwa bidhaa za zaidi ya hizo. Na ile sheria ya mazao ya 1935 iliweka leseni za kununulia mazao katika mahali palipotengwa, hata mtu aliyezoea kununua simsim chini ya mti akajikuta mhalifu chini ya mti ule ule.

Zaidi ya yote, tangu 1942 kuhamisha mahindi kutoka wilaya hadi wilaya kulihitaji kibali, na amri za namna hiyo ziliendelea, kwa sura hii na ile, hata baada ya uhuru, mpaka biashara ya nafaka ilipofunguliwa katika miaka ya 1990. Wazee watakumbuka vizuizi vya barabarani na magunia yaliyomwagwa. Yule mwanamke ambaye mama yake na bibi yake walikuwa wakipeleka samaki mpakani na kurudi na nafaka, akaitwa mtu wa magendo. Sijui kama waliotunga amri hizo walijua kwamba walikuwa wakikataza jambo lililolisha nchi hii kabla ya wao kuzaliwa.

Watu wetu hawakukaa kimya. Tangu 1925 Baraza la Wenyeji la wilaya lilisimamia masoko na ushuru wake, na wajumbe walipigania viwanja. Baada ya vita vya pili, askari waliorudi na akiba walifungua maduka na vinu vya kusaga katika masoko ya ndani. Mwaka 1947 Oginga Odinga na wenzake waliandikisha shirika la akiba na biashara la Waluo, lililojenga Ramogi House katika Kisumu na kuuza hisa kwa watu wa mbali na wa karibu. Kampuni hiyo haikupata utajiri mkubwa. Lakini mtu aliyeiona nyumba ya ghorofa mjini yenye jina la Ramogi alirudi kijijini na fikira nyingine juu ya nani anaweza kuwa na mji.

Miji ya gati imepanda na kushuka, na vijana wanaosoma historia wachunguze jambo hili. Homa Bay iliinuka kwa sababu ya ofisi: Gusii ilipotengwa kuwa wilaya peke yake mwaka 1961, makao ya wilaya ya Nyanza ya Kusini yakawa Homa Bay. Kendu Bay ilishuka kadiri magari yalivyopata barabara na abiria walivyoacha meli. Jumuiya ya Afrika Mashariki ilipovunjika mwaka 1977, meli za shirika moja ziligawanywa kwa nchi tatu, na gati nyingi za ghubani zikakosa wageni. Katika miaka ya 1990 gugu maji lilifunika ghuba, hata mvuvi akashindwa kutoka ufukoni. Mtu aliyejenga duka lake akiitazama meli alikuwa amejenga juu ya kitu ambacho wengine walikishika kamba.

Migori ni habari tofauti. Haikuzaliwa na gati bali na daraja na barabara. Waliokaa hapo ni wa asili nyingi: Waluo wa Suna, Wakuria, Wasomali ambao baba zao walifuata biashara ya ng'ombe, Wahindi, Wagusii. Dhahabu na shaba ya Macalder ilileta kazi mpaka mgodi ulipofungwa mwaka 1966, kisha ukaja tumbaku, na kiwanda cha sukari cha Awendo kikaanza kusaga mwaka 1979. Mpaka wa Tanzania u karibu sana, nao ulichorwa na Waingereza na Wadachi katikati ya Wakuria bila kuwauliza. Tanzania ilipoufunga tangu 1977 hata 1983, ndugu wa Isebania na Sirari waliendelea kuonana kwa njia za miguu, na bidhaa pia zilijua njia hizo.

Lakini masoko ya mpakani, yale ya wimbi na vyungu, ndiyo yaliyodumu. Oyugis bado inakutanisha watu wa ziwani na wa milimani. Sondu, kwenye mto wenye jina hilo, inakutanisha lugha tatu, Kiluo, Kigusii na Kikipsigis, na siku ya soko utaona viazi vitamu vya Kabondo, mananasi, ndizi, omena na ng'ombe mahali pamoja. Sondu imeona pia moto. Katika 1992, na tena zaidi ya mara moja hata katika miaka ya karibuni, watu wameuawa hapo na vibanda kuchomwa. Na kila mara, kabla viongozi hawajamaliza mikutano yao ya amani, wenye vikapu wamekuwa wa kwanza kurudi. Wanachama wetu kadhaa wana vibanda huko, na halmashauri ilitumia sehemu ya mfuko wa misiba kuwasaidia waliopoteza mali, kama inavyoonekana katika hesabu zilizo mwishoni mwa kitabu hiki.

Viko viwanja vingi vya masoko ya kale ambavyo havina hati hata sasa. Katika masoko mengine mti umekatwa na ua limejengwa, na hakuna aliyeandika kwamba hapo palikuwa soko la watu wote. Halmashauri imeanza daftari la masoko hayo: jina lake la zamani, siku yake, watu wa pande zipi walikutana hapo, na vitu gani vilibadilishwa. Mzee yeyote anayekumbuka, hasa wa sehemu za Gwasi, Kaksingri, Kadem na ng'ambo ya Mto Kuja, anaombwa amwone katibu, au amtume mjukuu anayejua kuandika. Wanawake wazee wanaombwa zaidi, kwa sababu wao ndio waliotembea njia hizo, na wengi wao hawajaulizwa.